Mwambie Baba Mkubwa kazi yangu si kupaka rangi mbao

Mdogo wangu,

Salaam nyingi. Hela ya dawa za Bibi nimeituma jana, Mama aifuatilie. Ya kompyuta uliyoomba ili ujifunze kazi yangu sijatuma na mwezi huu sitatuma. Usinune, soma kwanza.

Nimesikia alichosema Baba Mkubwa mbele ya wageni, eti nimevuka bahari kuja kupaka rangi mbao. Mwambie kila ukuta, kiti na kitasa unachokiona kwenye filamu kuna mtu aliyekiamua. Mbunifu mkuu wa mandhari hukubaliana na mwongozaji na mpigapicha filamu ionekaneje. Art dairekta, yaani mimi, ndiye anayegeuza makubaliano yale kuwa michoro, bajeti na kuta zilizosimama. Oscar ya kazi hii ilikuwepo tangu sherehe ya kwanza kabisa, 1929, na aliyeichukua ni William Cameron Menzies. Na jina langu limeshapita kwenye skrini. Herufi ndogo, lakini hawakulikosea.

Sasa wewe. Kompyuta si pa kuanzia. Tafuta skripti yoyote, uisome mara moja bila kalamu. Mara ya pili orodhesha kila sene, yaani kila tukio la mahali pamoja: ndani au nje, mchana au usiku, nani yumo, anashika nini. Anachokishika mwigizaji ni cha watu wa vifaa. Kinachokaa tu ni pambo la seti, yaani mahali tulipopajenga pa kupigia filamu. Glasi ikivunjwa kwenye sene usiandike glasi moja, kwani sene hurudiwa.

Kisha uchore kwa vipimo. Ramani ya seti ni 1:50, sentimita 2 kwa kila mita. Modeli ya kadibodi 1:25. Kuta zetu ni plaiwudi juu ya fremu ya mbao, na shiti moja ni milimita 1220 kwa 2440. Ukichora ukuta wa mita 2.5 kwa sababu namba inapendeza, fundi itabidi aunge ukanda wa sentimita 6 juu, na ule mstari kamera inauona. Angalau ukuta mmoja ufungwe kwa skrubu ili ung'olewe kamera ikitaka kurudi nyuma. Fremu ya mlango ipe mhimili wake wa nyuma na mfuko wa mchanga juu yake. Usipofanya hivyo, mwigizaji akibamiza mlango nyumba nzima inatikisika, na hapo hakuna anayeamini tena kuwa ni nyumba. Picha kubwa ya mandhari nje ya dirisha usiibane ukutani. Taa zitakosa nafasi na kivuli cha dirisha kitaangukia mbingu ya kwenye picha.

Haya, rangi, Baba Mkubwa asikilize. Nyeupe tupu tunaiogopa: inarudisha mwanga mwingi mno, uso wa mtu ukazama mbele yake. Tunaivunja kwa kijivu kidogo. Ukuta ukitakiwa uonekane wa zamani, zimua rangi ya hudhurungi kwa maji mengi, paka, halafu futa kwa kitambaa kabla haijakauka, ibaki kwenye kona na mifereji tu. Uchafu unafuata mikono na vichwa: kuzunguka swichi, ukingo wa mlango, ukutani pale mtu anapoegemea akikaa. Wanaoanza huumwaga sawasawa kila mahali, ukuta ukawa kama umeugua.

Huku saa za kazi ni nyingi na baridi ipo, tuyaache hayo.

Chukua futi uipime sebule yetu yote: urefu, upana, kimo cha dirisha kutoka sakafuni, unene wa kuta. Juzi usiku nilijaribu kuichora kwa kumbukumbu. Kiti cha Baba nilikiweka bila kufikiri, na ule mkwaruzo wa meza chini ya picha pia. Nikakwama kwenye mlango wa uani. Sikumbuki unafungukia ndani au nje. Niandikie.

Kaka yako