Taarifa ya Mwenyekiti kwa Mkutano Mkuu wa Mwaka: Wakulima wa Mpunga, Chekereni

Wazee wetu, shikamooni. Ndugu wanachama wengine, habari za shambani.

Naanza na maji, maana mwaka huu mengine yote yalisubiri hayo. Wenye mashamba mkiani mwa mfereji hawakupanda kabisa. Majaruba yao, vile vipande vya shamba vyenye kingo za kuzuia maji, yamepasuka hadi kisigino kinazama kwenye ufa.

Wapo wanaosema ni theluji ya Kibo, kilele cha Kilimanjaro, inayokwisha. Theluji ile mchango wake ni mdogo sana. Chemchemi za Njoro na Mto Rau, tunakopata maji yetu, zinalishwa na mvua inayonaswa na msitu wa mlimani. Na shida yetu ni ya siku nyingi. Mradi wetu wa umwagiliaji wa Lower Moshi ulipokamilika mwaka 1987, ulipangiwa hekta 1,100 za mpunga. Wenzetu wa juu walipoona mpunga unalipa, nao wakafungua majaruba. Siwalaumu, nao wana watoto wa kusomesha. Ila maji hayakuongezeka.

Sasa la aibu. Usiku mmoja wa zamu ya mkiani, saa nane, mimi na mgawa maji tulifuata mfereji kwa tochi. Tukakuta umezibwa kwa viroba vya mchanga na vigogo vya migomba, maji yote yanaingia jaruba langu mimi. Kijana wangu wa shamba alidhani ananisaidia. Faini nimelipa, stakabadhi anayo mhazini. Tangu siku hiyo nimepunguza kuwasema watu wa juu.

Waliojaribu kilimo shadidi walitumia maji kidogo: miche michanga ya siku 8 hadi 12, mmoja mmoja, sentimita 25 kwa 25, na jaruba linaachwa likauke mpaka nyufa nyembamba zianze ndipo linamwagiliwa tena. Lakini magugu! Wapalizi ni kina mama, na kazi hiyo tuliwabebesha bila kuwauliza. Tulikosea. Kamati inaomba leo mpige kura tununue vipalizi vya kusukuma.

Mkumbuke pia kwamba Sheria ya Usimamizi wa Rasilimali za Maji ya mwaka 2009 inatanguliza maji ya nyumbani, kisha ya mazingira. Mto ukipungua, sisi wa mashamba tunasubiri.

Fedha atasoma mhazini. Wasiolipa ada wanajijua.

Jumamosi saa kumi na mbili asubuhi tunasafisha mfereji kuanzia banioni, pale maji yanapoingia kutoka mtoni. Kila mtu na jembe lake. Ya chama yaliazimwa mwaka jana, hayajarudi.