Liz Smith hakuchelewa, alicheleweshwa

Mhariri,

Makala moja katika ukurasa wenu wa sanaa ilidai hivi karibuni kwamba mwigizaji wa kike ambaye hajapata jina kabla ya kutimiza miaka 40 hana tena lake kwenye televisheni. Kwa kuwa mifano mingi ya mwandishi ilitoka Uingereza, nashangaa kwamba mwigizaji wa huko, Liz Smith, hakutajwa hata kwa mstari mmoja.

Liz Smith alizaliwa Scunthorpe mwaka 1921, akafiwa na mama yake angali mtoto mdogo, akalelewa na bibi yake, na wakati wa Vita vya Pili vya Dunia akatumikia kikosi cha wanawake cha jeshi la majini. Baada ya ndoa yake kuvunjika alibaki na watoto wawili wa kulea, akawa anafanya kazi yoyote iliyopatikana bila kuuacha uigizaji. Mwongozaji Mike Leigh alipomwita, alikuwa akiuza vitu vya kuchezea watoto katika duka la Hamleys, London, naye akikaribia miaka 50. Leigh, ambaye kazi zake huanza kwa mazoezi ya kubuni na si kwa maandishi yaliyokamilika, alihitaji mwanamke wa makamo anayeweza kumjenga mhusika kutoka ndani. Filamu yao ya kwanza, Bleak Moments, ilitoka mwaka 1971. Miaka miwili baadaye BBC ilionyesha Hard Labour, ambamo Smith alikuwa mama anayetumikishwa kwake na anayesafisha pia nyumba ya mwingine, mwanamke ambaye uchovu wake mtazamaji huuona bila kuelezwa.

Kutoka hapo hakukosa kazi. Mwaka 1984 aliigiza mama wa mhusika wa Maggie Smith katika filamu A Private Function, akapata tuzo ya filamu ya Uingereza, BAFTA, ya mwigizaji msaidizi. Na katika miaka ya 1990 watazamaji wa tamthilia ya vichekesho The Vicar of Dibley walimjua kama Letitia Cropley, bibi mwenye mapishi ya kutisha.

Lakini ubingwa wake, kwa maoni yangu, uko katika The Royle Family, iliyoanza mwaka 1998 akiwa na miaka 76. Tamthilia hiyo haitoki sebuleni ila mara chache, na Nana, mhusika wake, kwa kawaida hukaa tu kwenye kochi akizungumza habari ndogondogo. Mwigizaji asiye na subira angejaza nafasi hiyo kwa vituko. Yeye aliiacha itulie, akachekesha kwa kuchelewesha jibu au kwa kujifanya hakusikia. Katika sehemu maalumu ya mwaka 2006, Nana anapougua na kuuguzwa na bintiye Barbara, ambaye ni Sue Johnston, mtindo uleule wa kutofanya mengi ndio unaomliza mtazamaji. Kwa kazi hiyo alitunukiwa tuzo ya mwigizaji bora wa kike wa vichekesho mwaka 2007, akiwa amebakiza siku chache atimize miaka 86.

Sisemi kwamba mtu mmoja anatosha kuangusha hoja nzima. Mwandishi wenu ana haki anapolalamika kwamba wanawake wenye umri mkubwa hupewa nafasi za mabibi wenye vituko, na Smith mwenyewe alipewa nyingi za namna hiyo. Hata hivyo, kudai kwamba uwezo wao ndio unaokwisha ni jambo jingine kabisa. Smith hakujifunza kuigiza siku Leigh alipomwita. Aliubeba uwezo huo kwa miaka mingi huku wenye kugawa nafasi wakiangalia kwingine. Lawama iwaelekee hao, na mwandishi wenu, akirudia mada hii, awaulize wao.

Wako,
Mpenzi wa tamthilia za televisheni