Malalamiko kuhusu safari ya kuongozwa ya Sapa, bonde la Muong Hoa na Bac Ha

Kwa Meneja,
Idara ya Safari za Nje ya Nchi.

YAH: KUTOTEKELEZWA KWA MKATABA WA SAFARI YA MILIMANI, KASKAZINI MWA VIETNAM, KUNDI LA JULAI

Tafadhali husika na kichwa cha habari hapo juu.

Wengi wa tuliosaini barua hii tunaongoza watu milimani kwa kazi, na tulijua tunanunua nini kwenu: matembezi ya miguu yenye mwongozaji, kulala kwa wenyeji, na masoko ya milimani. Hatulalamikii mvua wala matope. Julai ni mwezi wa mvua kule na kila mwenye kuulizia anaambiwa. Tunalalamikia ratiba iliyopangwa na mtu asiyejua mpunga unaiva lini, soko linajaa siku gani, na mlango upi wa nyumba ya watu haupitwi. Karibu yote tunayoyaeleza hapa yangeepukika kama mngemuuliza mwenyeji mmoja tu wa bonde lile kabla ya kuchapisha kipeperushi.

Tunaanza na soko, kwa kuwa hapo hamna la kujitetea. Ratiba ilisema Jumamosi ni siku ya soko kubwa la Bac Ha. Soko kubwa la Bac Ha ni la Jumapili. Kundi likapakiwa garini Sapa, likashuka hadi Lao Cai, likavuka Mto Mwekundu na kupanda milima ya upande wa pili, safari ya kilomita 100 hivi, likakuta vibanda vichache vya kila siku na uwanja mtupu. Kinachouma ni kwamba Jumamosi hiyo hiyo kulikuwa na soko la Can Cau, kilomita 20 hivi kaskazini mwa Bac Ha, ambalo siku yake ndiyo Jumamosi. Gari lilikuwepo na dereva alikuwepo. Mwongozaji alipoombwa atupeleke, akajibu kwamba Can Cau haimo kwenye ratiba na hana ruhusa ya kubadili. Safari ya eneo hili hupangwa kwa kuanzia na siku za soko, kisha matembezi yakazungushwa hapo: Jumanne Coc Ly, Jumamosi Can Cau, Jumapili Bac Ha. Tena mgeni afikishwe asubuhi, maana mchana watu wa vijiji vya mbali huanza kufungasha.

Kuhusu picha za kipeperushi tutasema kwa ufupi. Mmeonyesha majaruba ya rangi ya dhahabu na kuandika kuwa ndivyo bonde linavyokuwa Julai. Sapa iko kwenye mita 1,500 hivi, baridi ya majira yake hairuhusu mpunga zaidi ya mara moja kwa mwaka. Maji hujazwa na miche hupandikizwa kati ya Mei na Juni, Julai majaruba ni ya kijani, dhahabu huja Septemba. Kijani hicho ni kizuri sana na mngeweza kukiuza kwa jina lake. Picha nyingine ina akina mama waliovaa nguo za tarizi za rangi nyingi, na chini yake mmeandika "Lao Chai", kijiji cha bonde la Muong Hoa. Hao ni Wahmong wa Maua, tawi la kabila la Wahmong la upande wa Bac Ha. Wahmong wa Lao Chai ni Wahmong Weusi, nguo zao ni za nili iliyokolea hadi kukaribia weusi. Kuwachanganya ni kuonyesha kwamba hamjui mnampeleka mgeni kwa nani.

Sasa matembezi yenyewe, ambako ndiko watu waliumia. Siku ya kutoka Ta Van kwenda Ban Ho mliiandika "kilomita 8, mteremko mwepesi, muda wa saa 3". Anayepima kwa rula juu ya ramani anaweza kupata 8. Njia yenyewe inapinda kufuata kingo za mashamba, inapanda kabla ya kushuka, inapita Giang Ta Chai na msitu wa mianzi, na urefu wake ulikaribia mara mbili ya huo. Kanuni ya wapanda milima, iliyoachwa na Mskoti William Naismith mwaka 1892, ni rahisi: saa moja kwa kila kilomita 5, na saa moja zaidi kwa kila mita 600 za kupanda. Kilomita 15 zenye jumla ya mita 600 za kupanda ni muda wa saa 4. Hiyo ni kwa njia kavu na watu wasiosimama. Juu ya udongo wa mfinyanzi uliolowa, ongeza nusu yake, inakuwa 6, bado chakula na mapumziko. Kundi liliondoka Ta Van saa nne asubuhi kwa sababu ratiba ilisema matembezi ni mafupi, likaingia Ban Ho giza limeshatanda, kwa tochi za simu.

Idadi ya watu ilizidisha tatizo. Mkataba unasema kundi halitazidi watu 8. Mlituunganisha na kundi jingine tukawa 14, kwa mwongozaji mmoja. Ukingo wa jaruba unapitika na mtu mmoja kwa wakati, na mguu ukitoka nje ya ukingo unavunja ukuta wa udongo na kumwaga maji ya mpunga wa mtu. Mahali penye utelezi kila mmoja anahitaji dakika nzima na mkono wa kumshika. Mwongozaji akikaa mbele, wa nyuma hawana wa kuwaambia wakanyage wapi. Akikaa nyuma, wa mbele wanapotea kwenye njia panda za ng'ombe na nyati. Watu 14 kwenye njia ile wanataka waongozaji wawili kwa uchache.

Orodha yenu ya vifaa ilitaja "raba nzuri za kutembelea" na mwavuli. Udongo wa bonde la Muong Hoa ukilowa hujaza mifereji ya soli kwa hatua chache, na raba ikishajaa inateleza kama kipande cha sabuni. Wenyeji huvaa gambuti za mpira zenye meno makubwa, hushika fimbo ya mwanzi, na mabegi yao hufunikwa nailoni kwa ndani. Mwavuli unachukua mkono ambao ungeshika fimbo, kwa hiyo mgeni aambiwe aje na koti la mvua. Gambuti zinakodishwa pale pale Sapa. Ilihitajika sentensi moja tu kwenye orodha yenu.

Kwenye mteremko wa kuingia Y Linh Ho mwenzetu mmoja aliteguka kifundo cha mguu. Mkataba unasema mwongozaji atabeba mkoba wa huduma ya kwanza. Hakuwa nao, hata bendeji moja. Aliyemhudumia ni mama wa Kihmong aliyekuwa akilifuata kundi tangu Sapa. Alikaa chini kwenye matope, akafungua kitambaa cheusi alichojizungushia mguu wake mwenyewe kuanzia kifundoni hadi karibu na goti, akamzungushia mgonjwa kwa kukivuta kwa nguvu chini ya unyayo na kupishanisha juu, akamalizia kwa fundo la uzi. Kisha akaita pikipiki ya kijijini. Waraka wenu wa maelekezo kwa wasafiri unawaita akina mama hao "wachuuzi wasumbufu" na unatutaka tusiwajibu.

Tunataka waraka huo uondolewe. Akina mama hao hutembea na wageni, huwashika mikono penye utelezi, na mwisho wa njia hufungua vikapu vyao na kuonyesha mikoba na bangili. Ni kazi, na mgeni anapaswa kuelezwa hivyo kabla hajaanza kutembea: ukikubali kushikwa mkono, mwishoni utaombwa ununue kitu. Kampuni inayojali ingewaajiri wawili kati yao kwa ujira unaojulikana, na hapo hapo tatizo la mwongozaji mmoja kwa watu 14 lingekuwa limetatuliwa.

Mwongozaji mliyetupa ni kijana mwenye adabu kutoka Hanoi, Mkinh, yaani wa kabila kubwa kuliko yote nchini humo, na hatumlaumu yeye. Tatizo ni kwamba mlimpeleka asikokujua. Vietnam inatambua makabila 54, na kwenye bonde hili moja unawapita Wahmong wa Lao Chai, Wagiay wa Ta Van, Wadao Wekundu wa Giang Ta Chai na Watay wa Ban Ho. Lugha ya Wagiay na ya Watay ni za ukoo mmoja. Kihmong na Kidao ni za ukoo mwingine, na hata hizo mbili wasemaji wake hawaelewani. Mtu wa Hanoi anabaki na Kivietnam, ambacho wazee wengi, hasa wanawake, hawakizungumzi vizuri. Sheria ya Utalii ya Vietnam ya mwaka 2017, inayotumika tangu tarehe 1 Januari 2018, ina aina tatu za kadi za waongozaji: wa kimataifa, wa ndani, na wa eneo. Hiyo ya tatu ingewawezesha kumweka mwenyeji kando ya huyu wa Hanoi bila kuvunja utaratibu wowote.

Matokeo ya kutofanya hivyo ni haya. Kwenye nyumba moja ya Wahmong kulikuwa na tawi bichi la majani limening'inizwa mlangoni. Tawi hilo ni katazo: ndani kuna tambiko au mgonjwa anayefanyiwa matibabu ya kimila, na mtu wa nje haingii mpaka liondolewe. Mwongozaji aliinua tawi kwa mkono akatukaribisha ndani. Baadhi yetu tulibaki nje na kumsihi. Wengine walikuwa wameshaingia na kuanza kupiga picha madhabahu iliyo kwenye ukuta unaoutazama mlango. Mwenye nyumba hakugomba. Alilichukua tawi lililoanguka, akalirudisha mahali pake, na kufunga mlango. Kampuni inadaiwa radhi na watu hao, iwafikie kwa mdomo wa mtu anayesema lugha yao.

Mwongozaji pia aligawa peremende kwa watoto njiani, kutoka kwenye mfuko wenye nembo yenu, maana yake ni maagizo ya ofisi. Mtoto anayepata peremende barabarani Jumatatu hukaa barabarani Jumanne, na shule inapoteza. Anayetaka kutoa, apeleke madaftari shuleni kupitia mwalimu.

Duka mlilotusimamisha kama "kituo cha kazi za mikono za Wahmong" lilikuwa na vitambaa vya kiwandani kwa sehemu kubwa. Kitambaa halisi kinapimwa kwa vidole. Kinafumwa kwa nyuzi za mmea wanaoulima, kuuchuna na kuusokota wenyewe, kwa hiyo ni kizito, kigumu kidogo, na unene wa uzi haulingani. Batiki yake huchorwa kwa nta kabla ya kutiwa nili, na mistari ya mkono hutofautiana unene. Ile ya mashine inafanana kila baada ya sentimita kadhaa. Geuza tarizi utazame nyuma: ya mkono ina mafundo na nyuzi zinazoruka. Kisha sugua pembe kwa kitambaa cheupe kilicholowa, nili mpya itaacha rangi. Mgeni angeonyeshwa haya, angeinunua nguo kwa aliyeitengeneza.

Malazi ya Ta Van yaliandaliwa kwa watu 8. Familia ya Kigiay iliyotupokea haikuambiwa tumekuwa 14, ikahangaika kuazima magodoro na vyandarua kwa majirani usiku. Walitupikia vizuri na walikuwa wakarimu mno. Tunachodai ni uthibitisho kwamba wamelipwa kwa vichwa 14, kwa kuwa ninyi mlipokea malipo ya watu 14.

Jambo la mwisho ni la usalama wa maisha. Baada ya mvua kubwa ya usiku kucha, mwongozaji aliagizwa kwa simu na ofisi yenu aendelee na njia ya miguu inayovuka vijito, ingawa Ban Ho inafikika kwa gari. Mnajua yaliyotokea mkoa huo huo wa Lao Cai tarehe 10 Septemba 2024 baada ya kimbunga Yagi, pale tope na maji vilipokifukia kijiji cha Lang Nu. Milima ile ikishanyonya maji haihitaji kimbunga ili kuporomoka. Maji ya kijito yakibadilika kuwa kahawia na kubeba vijiti, watu wanarudi juu, hawavuki. Uamuzi huo ni wa aliyesimama kando ya kijito, na mkataba wa mwongozaji uandike wazi kwamba hatakatwa posho kwa kubadili njia.

Kwa hiyo tunadai mturejeshee gharama yote ya siku ya Bac Ha, pamoja na tofauti ya bei kati ya kundi la watu 8 na kundi la watu 14, ambayo imo kwenye orodha yenu ya bei wenyewe. Mlipe gharama za matibabu na usafiri za mwenzetu aliyeteguka, risiti tumeziambatanisha. Mtupatie nakala ya risiti ya malipo ya nyumba ya Ta Van, na kama mlilipa kwa watu 8, mlipe pengo hilo moja kwa moja kwa familia. Mama aliyemfunga bendeji kwa nguo yake atafutwe kupitia wenyeji wa Y Linh Ho na alipwe siku ya kazi pamoja na thamani ya kitambaa. Kipeperushi cha sasa kisiuzwe tena hadi siku za masoko, miezi ya mpunga, urefu wa njia na orodha ya vifaa virekebishwe.

Tunasubiri majibu ya maandishi ndani ya siku 14 tangu mpokee barua hii. Tuko tayari kukutana na mpangaji wa ratiba na kuipitia naye siku kwa siku, bila malipo, mradi kwenye kikao hicho awepo pia, hata kwa simu, mwongozaji mmoja kutoka vijiji vya bonde lenyewe. Baada ya muda huo tutalipeleka shauri kwenye mamlaka inayotoa leseni za kampuni za utalii, pamoja na mkataba, ratiba na picha.

Wenu,

Wawakilishi wa wasafiri, kundi la Julai.

Viambatanisho: nakala ya mkataba, ratiba, kipeperushi, waraka wa maelekezo kwa wasafiri, risiti za matibabu na usafiri.