Mjamzito aelezwe habari ya mpira kabla hajawekewa

Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako niseme neno juu ya mpira wa kuanzishia uchungu, yaani neli laini yenye puto nchani, ambao baadhi ya akina mama wanaukataa wakidhani wanafanyiwa majaribio.

Nimefanya kazi ya ukunga kwa miaka 26 na sasa nimestaafu. Namkumbuka binti mmoja wa mimba ya kwanza, aliyepitisha wiki 41, ambaye tulimwekea mpira jioni tukamwacha kitandani bila maelezo ya maana. Alfajiri alikwenda msalani, puto likamdondokea, akapiga yowe lililoamsha wodi nzima, kwa kuwa alijua mtoto ameharibika. Kumbe shingo ya kizazi ilikwisha kufunguka sentimita tatu hivi, na mpira huanguka wenyewe ukishamaliza kazi yake.

Mpira wenyewe ni ule ule wa mkojo, na hapo ndipo maneno yanapoanzia. Hupitishwa katika shingo ya kizazi, kisha puto lililo nchani hujazwa maji yaliyotakaswa, kwa kawaida mililita 30 hadi 60, na mwisho wa nje hubandikwa pajani kwa plasta. Mkandamizo wa puto hulainisha shingo na kuuamsha mwili utengeneze kemikali zake wenyewe za uchungu. Shirika la Afya Duniani liliipendekeza njia hii katika mwongozo wake wa mwaka 2011.

Faida yake tuliokesha leba tunaijua. Kidonge cha misoprosto, dawa nyingine ya kuanzishia uchungu, cha mikrogramu 200 hukatwakatwa ili kupata dozi ya 25, na vipande havilingani. Dawa ikizidi, uchungu hupitiliza na mtoto huchoka, nayo ikishamezwa hairudi. Puto hutolewa maji likavutwa mara moja. Kwa mama mwenye kovu la upasuaji, ambaye kidonge hicho kinaweza kumpasulia kizazi, tofauti hiyo ni kubwa mno, ingawa naye lazima aangaliwe kwa karibu. Sikatai kwamba kuwekewa kunakera, kwamba wengi huhitaji dripu ya kuongeza uchungu baadaye, na kwamba mpira haufai pale kondo la nyuma linapoziba njia.

Ninachoomba ni kwamba kliniki za wajawazito zioneshe mpira huu kuanzia wiki ya 36, mama aushike mkononi, aulize, na atakayefuatana naye leba awepo akisikiliza. Siku ya kuwekewa, aombwe ridhaa yake na aambiwe mapema kwamba utaanguka.

Mkunga mstaafu,
Tanga