Shoga, naomba ushauri wa lile fumbo la kuku na mbuzi

Shoga yangu Mwanaidi,

Asalam aleikum, habari za huko Morogoro, watoto hawajambo, na mzee mguu wake unaendeleaje? Huku Tanga wazima. Mama Rehema kajifungua wa kike, hayo ntakuhadithia siku nyingine maana leo nina jambo limenikaa rohoni na mwalimu ninayemjua mimi ni wewe.

Ni Salma. Si unajua yuko la saba, mtihani mwezi wa tisa, basi wamepewa yale mafumbo ya kutafuta vitu viwili kwa mpigo. Kuku na mbuzi wako uwani, vichwa 15, miguu 43, kuku wangapi mbuzi wangapi. Mtoto kaandika HAIWEZEKANI, na chini kaeleza vizuri tu, kuku miguu 2, mbuzi 4, zote shufwa, ukijumlisha shufwa tupu hupati witiri na 43 ni witiri. Shoga, kapigwa kosa! Pembeni kaandikiwa kwa wino mwekundu kuku 9, mbuzi 6. Haya nikakaa nikapiga mwenyewe, 9 mara 2 ni 18, 6 mara 4 ni 24, jumla 42. Arobaini na mbili jamani! Yani swali lilichapwa vibaya, na aliyeliona ndo kanyimwa maksi.

Na ujue tumetoka mbali na huyu mtoto. Zamani akiona neno "zaidi" anajumlisha tu. Asha na Juma wana shilingi 5,000, Asha kamzidi Juma 1,200, yeye anakata katikati 2,500 halafu anamwongezea Asha 1,200, anapata 3,700 na 2,500, hela zimezaana zimefika 6,200. Nikamwambia iweke kwanza ile 1,200 pembeni, inabaki 3,800, wagawane sawa, 1,900 kila mmoja, ndo umrudishie Asha ya kwake awe na 3,100. Akasema aah, kumbe!

Ila kilichomfungua hasa ni la kijiweni. Vyombo 20, boda na bajaji, magurudumu 47. Vipe vyote mawili mawili, yameenda 40, yamebaki 7, na anayedai gurudumu la tatu ni bajaji peke yake, basi bajaji 7 boda 13. Baba Salma anang'ang'ania afundishwe x na y sasa hivi, namwambia shemeji hizo mbili kwa pamoja atazikuta form one, mwache kwanza aone kinachoendelea. Wachina wa kale walikuwa nalo fumbo hilihili, lao la kuku na sungura, vichwa 35 miguu 94, mpe mwanao ajaribu, sungura wanatoka 12.

Sasa lile kosa. Maksi moja si kitu, ila toka siku ile akifungua daftari ananiuliza "mama mdogo, hapa wanataka nijibu nini?" Hiyo shoga imeniuma kweli, mtoto alikuwa anafikiri mwenyewe, leo anawinda jibu la mwalimu. Na mwalimu wake simchukii, darasa limefurika na anasahihisha madaftari mpaka usiku, lakini neno "haiwezekani" lilikuwa ndo jibu, na pale chini sababu ipo.

Ungekuwa wewe ndo mwalimu, ungependa mzazi akufuate vipi? Niende na daftari mkononi au nipige simu kwanza? Au Salma aulize mwenyewe, hawatamwona mjuaji? Na mtihanini akikutana na swali bovu kama lile afanyeje, aliruke? Unayo mafumbo mengine unitumie, hasa yale ya umri wa mama na mtoto? Na mwezi wa sita mnakuja au ndo maneno tu?

Nijibu hata kwa voisi, ila kabla ya Jumatatu, ndo siku ninayotaka kwenda shuleni.

Wako,
Zainabu