Wabwia ugoro nao wasaidiwe kuacha

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako niseme jambo kuhusu ugoro. Kila ifikapo tarehe 31 Mei, Siku ya Kutotumia Tumbaku Duniani, tunasikia habari za sigara, na siku hizi shisha kidogo. Mama yangu ana miaka 67 na hajawahi kushika sigara maishani mwake. Akipita mbele ya bango lenye picha ya mtu anayetoa moshi, anaona halimhusu. Yeye anabwia ugoro, na ameubwia kwa zaidi ya miaka 40.

Alianza kwa sababu ya jino. Lilimsumbua usiku kucha, hospitali ilikuwa mbali, na shangazi yake akampa ugoro aupachike penye maumivu. Yakatulia. Jino lenyewe liling'olewa mwaka uliofuata, ila ugoro ukabaki. Ukiwauliza kina mama wengi wa rika lake hapa Korogwe, watakupa hadithi inayofanana na hiyo.

Kwa miaka mitatu nimekuwa nikimpeleka kliniki ya presha kila mwezi. Anapimwa, anaandikiwa dawa, anaulizwa kuhusu chumvi na mafuta. Katika miaka yote hiyo hakuna aliyemuuliza kama anatumia tumbaku ya aina yoyote, wakati nikotini hupandisha presha na kuyaendesha mapigo ya moyo mbio. Wala simlaumu mhudumu mmoja, foleni ni ndefu na wao ni wachache. Ila swali lile lingechukua sekunde tano.

Aliyegundua ni daktari wa meno, mwaka jana. Alimwambia mama afungue kinywa, akauvuta mdomo wa chini kwa kidole, akaniita nitazame. Pale pale anapopachika ugoro palikuwa na baka jeupe, ngozi imekunjamana kama ya kidole kilichokaa sana majini. Akalikwangua kidogo, halikutoka. Alitueleza kwamba baka la namna hiyo si lazima liwe saratani, lakini linaweza kugeuka, na kwamba mara nyingi hupungua au hufutika mtu akiacha. Kisha akasema, "Mama, acha ugoro," akaita mgonjwa mwingine.

Acha ugoro. Kwa vipi?

Nilirudi nyumbani na hasira ya woga, nikafanya kosa ambalo najua watoto wengi wanalifanya. Nilichukua kopo la mama nikalitupa chooni. Hakupiga kelele. Aliniambia, "Mwanangu, ugoro huu naubwia tangu wewe hujazaliwa. Leo unanitupia chooni mbele ya wajukuu?" Siku mbili hakunisemesha, na siku ya tatu nikaona ana kopo jingine, kapewa na jirani. Nilikuwa nimemfundisha kunificha tu.

Ilinichukua wiki kadhaa kurudi kwake na kumwomba radhi. Safari hii sikumwambia aache. Nilimwomba tuhesabu tu: anabwia saa ngapi, akiwa anafanya nini. Kwa siku moja alibwia mara 11. Baada ya chai ya asubuhi, akichambua mchele, akimaliza kufua, na usiku usingizi ukikataa. Yeye mwenyewe alishtuka kwa hesabu ile. Akasema nyingine hakumbuki hata kuwa alizitaka, mkono ulikwenda wenyewe.

Hapo nilianza kuelewa kinachomshika. Ugoro wetu huchanganywa na magadi, na magadi hayo huifanya nikotini ipenye haraka kwenye ufizi na kuingia kwenye damu. Kwa hiyo bibi wa kijijini mwenye kikopo kwenye pindo la kanga anaweza kuwa amefungwa na uraibu sawasawa na mvuta pakiti nzima ya sigara. Kumwambia hana nia ni kumwonea.

Tuliichagua siku wenyewe, baada ya mavuno, wakati ambao hakuna ngoma wala safari. Kabla ya hapo nilikwenda kwa rafiki zake watatu anaokaa nao jioni, maana ugoro kwa kina mama hawa ni kitu cha kukirimiana, mtu anafika anaombwa kabla hata ya kuulizwa habari za nyumbani. Niliwapigia magoti, nikawaeleza kuhusu lile baka, nikawaomba wasimpe hata akiwaomba. Wawili walikubali papo hapo. Wa tatu alinyamaza, kisha akaniuliza kama na yeye naweza kumtazama mdomoni.

Siku ya tatu ndiyo ilikuwa nzito kuliko zote. Arosto ilimshika hasa. Kichwa kilimuuma, choo kiligoma, alimfokea mjukuu wake kwa kikombe kilichoachwa mlangoni, na kumfokea mtoto si tabia yake. Mkono ulikuwa ukienda kwenye pindo la kanga na kukuta vipande vya tangawizi kavu na karafuu tulivyofunga humo. Nilikuwa nimeomba ruhusa kazini kwa siku nne, na nashukuru kwamba nilikuwepo. Kiu ikija kwa nguvu, huwa ni ya dakika chache tu. Tulikuwa tunainuka, tunakwenda kisimani au tunamenya mihogo, na kabla hatujamaliza imeshapita. Baadaye inarudi, mnainuka tena. Baada ya wiki tatu hivi alianza kulala usiku mzima.

Wapo waliomshauri ale tambuu badala yake. Nilikataa. Popoo inayotafunwa ndani ya tambuu, hata bila tumbaku, imethibitika kusababisha saratani ya kinywa. Vivyo hivyo zile pakiti ndogo za tumbaku ya kutafuna zenye harufu ya peremende: mtu anahama chumba, nyumba ni ile ile.

Wiki ya tano tulipata msiba, akafiwa na dada yake. Nilimkuta nyuma ya jiko kaupachika. Alinitazama kama mtoto aliyefumaniwa. Nilikaa pembeni yake tukalia pamoja, sikutaja ugoro. Kesho yake, bila kusukumwa na mtu, aliutema na kusukutua, akaendelea pale alipokuwa ameachia. Naamini ningemgombeza siku ile, ningempoteza kabisa.

Sasa ni miezi saba. Nayaandika haya kwa sababu mimi nilikuwa na siku nne za ruhusa na mama anayenisikiliza. Wasio na hivyo wanategemea zahanati, na zahanati haina cha kuwapa. Sheria ya bidhaa za tumbaku tunayo tangu 2003. Mwaka 2007 nchi yetu iliridhia Mkataba wa Kudhibiti Tumbaku wa Shirika la Afya Duniani, na kifungu cha 14 kinasema wazi kwamba watumiaji wasaidiwe kuacha. Mwezi Julai 2024 shirika hilo lilitoa mwongozo wa matibabu ya kuacha tumbaku, na wanaotumia tumbaku isiyovutwa hawakusahauliwa humo. Bidhaa za nikotini za kutuliza arosto zimo katika orodha yake ya dawa muhimu tangu 2009. Niliziulizia katika maduka manne ya dawa hapa mjini, na wawili kati ya wauzaji hawakuwa wamewahi hata kuzisikia.

Ninachoiomba Wizara ya Afya kianzie kwenye lile swali. Liwekwe kwenye kadi ya kliniki ya presha, ya kisukari, na ya wajawazito: unavuta, unanusa au unabwia? Anayejibu ndiyo apewe dakika tano za kuzungumza naye na tarehe ya kurudi. Wahudumu wa afya ngazi ya jamii wanaoingia majumbani wangeweza kumtembelea ile siku ya tatu, maana hiyo ndiyo inayowarudisha wengi. Na ugoro unaofungwa kwenye kinailoni na kuuzwa sokoni karibu na nyanya, bila onyo lolote, uhesabiwe kuwa tumbaku kama tumbaku nyingine.

Daktari wa meno alituagiza turudi mwezi ujao atazame tena lile baka. Kwa macho yangu naliona limepungua, ila macho yangu ni ya mtoto kwa mama yake, nasubiri aseme yeye.

Msomaji wenu,
Korogwe, Tanga