Barua kwa mwanangu: kabla hujaipokea timu ya mkiani

Mwanangu Idrisa,

Assalaam aleikum. Sisi huku Tanga hatujambo. Goti la mama yako limepoa, ila bado anakataa kupumzika. Anakusalimu sana, anauliza kama unakula vizuri.

Ujumbe wako wa juzi nimeusoma mara tatu. Umesema viongozi wa timu wamekufuata mpaka shuleni unakofundisha, wanataka uichukue timu zikiwa zimebaki mechi tisa. Timu iko mkiani, makocha wawili wameshaondoka ndani ya msimu huu, na wewe hujawahi kufundisha zaidi ya vijana wa shule. Ukamalizia, "Baba, nikubali?" Kwenye simu ningekujibu neno moja tu, na hili halitaki neno moja. Ndiyo maana nimekaa chini kuandika.

Unakumbuka Mei 2019, Sevilla walipokuja Dar kucheza na Simba? Ulikuwa mwezi wa Ramadhani. Tulipanda basi la alfajiri tumefunga, na magharibi ikatukuta jukwaani Uwanja wa Taifa, tukafuturu kwa tende na maji. Simba waliwatangulia wale Wahispania kwa mabao, watu wakawa wanakumbatiana na wasiowajua. Mwisho ubao ukasoma Simba 4, Sevilla 5. Ulinuna, hukusema nami neno mpaka tunapita Chalinze. Mimi tangu usiku ule nikaanza kuwafuatilia wale jamaa, maana niliona timu iliyotanguliwa kufungwa ugenini, kwenye mechi ya kirafiki, mbele ya watu wasiowahusu, na bado ikacheza kama inatafuta ubingwa.

Nataka nikueleze msimu wao wa 2022/23. Wewe ulikuwa chuoni na mitihani, ukasikia habari ya kombe tu. Habari yenyewe ni ndefu kuliko kombe.

Sevilla waliuanza msimu ule wakiwa na Julen Lopetegui, kocha aliyewapa Kombe la Europa, la pili kwa ukubwa Ulaya baada ya Ligi ya Mabingwa, mwaka 2020, na kuwamalizisha nafasi ya nne kwenye La Liga, ligi kuu ya Hispania, miaka mitatu mfululizo. Kiangazi kile uongozi ukauza mabeki wa kati wote wawili: Jules Koundé akaenda Barcelona, Diego Carlos akaenda Aston Villa. Aliyeletwa kuziba pengo, Marcão, akafika na majeraha. Ukuta wa timu ukabomolewa wote kwa mara moja, kisha kocha akaulizwa kwa nini nyumba inavuja. Katika mechi saba za kwanza za ligi walishinda moja tu.

Tarehe 5 Oktoba 2022 walicheza nyumbani na Borussia Dortmund, Ligi ya Mabingwa. Kabla ya mpira kuanza, uwanja mzima ulikuwa unajua kwamba kocha anafukuzwa baada ya mechi, na yeye anajua. Fikiria hali ya mtu huyo, mwanangu: kupanga kikosi, kusimama pembeni ya mstari dakika tisini, kuelekeza vijana ambao kesho hawatakuwa wake. Wakafungwa 4-1. Kipyenga kilipolia aliingia uwanjani kuwaaga watu, na mashabiki wakampigia makofi na kuliimba jina lake huku machozi yakimlenga. Hasira zao walizielekeza kwenye jukwaa la viongozi, wakamtaka rais José Castro aondoke. Mashabiki wa mpira wana macho. Na wewe wa kwako wana macho vilevile, usiwadharau hata siku wanapokutukana.

Akaletwa Jorge Sampaoli, Muargentina aliyewahi kuifundisha klabu hiyo miaka ya nyuma. Mtu wa mawazo mengi. Leo mabeki watatu nyuma, kesho wanne, wiki ijayo winga amegeuzwa beki. Huenda yote yalikuwa na maana ubaoni. Lakini mchezaji aliyekwisha kujaa hofu ukimwongezea na mafumbo, miguu inakuwa mizito.

Hebu tazama jambo hili. Ligi iliposimama kupisha Kombe la Dunia la Qatar, Sevilla walikuwa kwenye eneo la kushuka daraja. Na kutoka kikosi kile kile, Yassine Bounou, tunayemwita Bono, akadaka mpaka Morocco ikaingia nusu fainali, jambo ambalo hakuna nchi ya Afrika iliyokuwa imelifikia. Youssef En-Nesyri akaruka juu angani na kuwafunga Ureno kwa kichwa. Gonzalo Montiel akapiga penalti ya mwisho iliyoipa Argentina ubingwa wa dunia, na Acuña na Papu Gómez nao walikuwa kwenye kikosi hicho cha mabingwa. Kisha watu hao wakarudi klabuni, ligi ikawashinda. Ndiyo maana mtu akiniambia timu fulani haina wachezaji, huwa sikubali upesi.

Tarehe 21 Machi 2023 Sampaoli naye akafukuzwa. Walikuwa pointi mbili tu juu ya shimo la kushuka daraja, zimebaki mechi 12 za ligi. Akaitwa mtu ambaye wengi nje ya Hispania hawakumjua: José Luis Mendilibar, Mbasque wa Zaldibar, kaskazini mwa Hispania, umri miaka 62, aliyekwisha kuzifundisha Valladolid, Osasuna, Eibar na nyingine za namna hiyo. Maisha yake yote alikuwa akipigania timu zisishuke. Kombe kubwa hakuwa nalo hata moja. Mkataba aliopewa ulikuwa wa kumalizia msimu tu, jahazi lilishakwenda mrama na aliyeitwa ni wa kuchota maji.

Alichokifanya hakikuwa na ajabu yoyote, na hapa ndipo nataka usome polepole. Alimrudisha kila mtu kwenye namba yake. Mabeki wanne. Mawinga pembeni, wapige krosi. En-Nesyri katikati, maana kazi anayoijua ni kuruka na kufunga. Mpira ukipotea, ukimbiliwe hapo hapo, mbele. Mechi yake ya kwanza ilikuwa Cádiz, ugenini, akashinda 2-0.

Nilielewa haraka kwa sababu mimi mwenyewe yalinikuta. Unajua nilicheza beki ya kushoto, na mguu wangu wa kulia ulikuwa wa kusimamia tu. Mwaka mmoja akaja kocha mgeni, akanipeleka kulia, akisema mchezaji kamili hucheza popote. Nilikuwa napokea mpira, naugeuza kwanza uje mguu wa kushoto, na katika kule kugeuza winga ameshafika, amenyang'anya, amekwenda. Nikaanza kuogopa kuletewa mpira. Nilikuwa najificha nyuma ya mtu wa timu pinzani ili kipa asinione! Miezi minne nilijiona sijui mpira kabisa. Akaja mwingine, mzee mmoja mpole, siku ya kwanza mazoezini akaniuliza, "Wewe unachezaga wapi?" Nikamwambia. Akasema, "Basi kacheze." Nililala usingizi mzuri siku ile. Sikumbuki hata tulimfunga nani Jumapili yake, nakumbuka ule usingizi.

Sasa, kule ligi ya mabingwa Sevilla walishika nafasi ya tatu kwenye kundi, wakaangukia Europa. Waliwatoa PSV, kisha Fenerbahçe, kwa tabu, marudiano yote mawili wakifungwa. Kule Eindhoven, nyumbani kwa PSV, shabiki mmoja aliingia uwanjani akamvamia kipa mwingine wa Sevilla, Dmitrović, fujo tupu. Mendilibar alipoipokea timu, robo fainali inayofuata ilikuwa Manchester United. Mechi ya kwanza, uwanjani kwao Old Trafford, United waliongoza 2-0, ikaonekana imekwisha. Dakika za mwisho mipira miwili ikawagonga mabeki wa United ikaingia nyavuni kwao, 2-2. Watu wakasema bahati. Marudiano yalikuwa Aprili 20, Ramadhani inaishia. Nilitoka tarawehe moja kwa moja mpaka kwa jirani mwenye dishi. Sevilla 3-0: En-Nesyri mawili, na moja la kichwa la Loïc Badé. Huyo Badé nusu ya kwanza ya msimu alikuwa Nottingham Forest kwa mkopo na hawakumpa mechi hata moja. Kwenye benchi lako huko yupo Badé wako, mtafute wiki ya kwanza.

Nusu fainali, Juventus. Kule Turin, nyumbani kwa Juventus, Sevilla waliongoza mpaka dakika za nyongeza, Gatti wa Juventus akasawazisha dakika ya 97. Nyumbani wakatangulia kufungwa, Suso akarudisha kwa shuti la mbali la mguu wa kushoto, na muda wa ziada Lamela akamaliza kwa kichwa, krosi ya Bryan Gil. Krosi na kichwa, kitu unachowafundisha watoto wa darasa la saba.

Fainali ilikuwa Budapest, Mei 31, na Roma ya José Mourinho. Mourinho alikuwa hajawahi kupoteza fainali ya Ulaya. Kwetu mpira ulianza saa nne usiku na ulikwisha inakaribia saa saba. Dybala wa Roma akafunga kwanza. Kipindi cha pili Jesús Navas, nahodha mwenye miaka 37, akapiga krosi, Mancini wa Roma akajifunga. Huyo Navas, nikueleze kidogo, ujana wake alikuwa akisumbuliwa na hofu kila alipolala mbali na kwao, mpaka kambi za timu ya taifa zilimpa taabu. Baadaye akawa bingwa wa dunia na akaenda mpaka Manchester. Mama yako aliposikia habari zake akasema, "Kama Idrisa alipokwenda bweni." Usimkasirikie.

Ikaenda mpaka matuta. Mimi nilimtazama Bono tu. Wenzake walikuwa wameshikana mabega katikati ya uwanja, yeye peke yake golini, anatabasamu. Penalti ya Mancini aliiokoa kwa mguu. Ya Ibañez aliigusa kwa vidole ikagonga mwamba. Ikabaki moja, na aliyetoka kuipiga ni yule yule Montiel wa Qatar. Akapiga, kipa wa Roma Rui Patrício akadaka! Pale kwa jirani watu wakasimama. Mwamuzi akasema kipa ametoka kwenye mstari mapema, irudiwe. Montiel akauchukua mpira, akauweka tena, akafunga. 4-1 za matuta, kombe la saba la Europa kwa Sevilla. Kwenye ligi walimaliza nafasi ya 12, pointi 49.

Nisikufiche mengine. Oktoba 8 mwaka ule ule, miezi minne na siku chache baada ya Budapest, Mendilibar alifukuzwa. Bono alikuwa ameshauzwa Saudia, na mkurugenzi wa michezo Monchi ameshakwenda Aston Villa. Niliumia kana kwamba ni ndugu yangu. Ila yeye Februari 2024 akachukuliwa na Olympiacos ya Ugiriki, na Mei 29 akaipa Kombe la Conference, la tatu kwa ukubwa Ulaya, kombe la kwanza la Ulaya kwa klabu yoyote ya Ugiriki. Kwa hiyo ujue tangu sasa: hao waliokufuata shuleni ndio watakaokufukuza. Usiache kazi ya ualimu kwa maneno yao, na kabla hujatia saini waandike kwenye karatasi posho za vijana na nauli za ugenini. Hao makocha wawili walioondoka, wapigie simu wote. Usiwaulize walikosea wapi. Waulize nani alikuwa anacheza namba gani msimu uliopita, timu ilipokuwa nzima.

Jibu langu ni kubali. Najua tabia yako, utataka kwenda na daftari lile lenye mifumo sita. Liache nyumbani kwa wiki mbili za kwanza. Mechi tisa ni chache, hazitoshi kufundisha mpira mpya, zinatosha kuwakumbusha watu mpira wanaoujua.

Filimbi yangu ya shaba na saa ya kupimia nimevifunga kwenye kanga ya mama yako, pamoja na kopo la achari. Mfuko anao kondakta wa basi la Jumamosi, utamkuta stendi jioni, lete kitambulisho. Ile filimbi ina kutu kidogo mdomoni, ioshe kwa maji ya moto na ndimu. Ukimaliza mazoezi ya kwanza nipigie, hata kama ni usiku sana, uniambie kushoto kule nyuma umempanga nani na kama ni wa mguu wa kushoto kweli.

Baba yako